Mhadhara wa Uzinduzi wa Elimu-Ngome: Kwa Nini Isiolo Ni Bandari Iliyoishinda Mombasa

Elimu-Ngome, yaani taaluma inayochunguza jinsi binadamu anavyomzuia binadamu mwenzake kupita, ina bingwa mmoja tu duniani, naye ndiye mhadhiri wa leo, aliyejitunuku shahada zake zote baada ya kujiridhisha kwamba hakuna chuo kikuu chenye mtu wa kumtahini. Hadhira tukufu ya Isiolo inaombwa itulie, kwa kuwa hoja inayofuata haijapata kutolewa popote, na sababu yake si udhaifu wa hoja bali uvivu wa wanahistoria waliotangulia, ambao wakisikia neno ngome hukimbilia baharini.

Wao husimulia, kwa mfano, habari za Kochi, mji wa bandari wa kusini mwa India, ambako Wareno walijenga ngome yao ya kwanza katika nchi hiyo mwaka 1503, miaka mitano tu baada ya Vasco da Gama kupata rubani Malindi na kuvuka hadi Kalikut. Ngome hiyo ilikusudiwa kulinda biashara ya pilipili manga isiguswe na mwingine yeyote, lakini Waholanzi waliitwaa mwaka 1663, na Waingereza nao wakawapokonya Waholanzi mwaka 1795, jambo ambalo Elimu-Ngome hulisajili chini ya kichwa cha gharama zisizo na faida.

Mombasa haikufaulu zaidi. Ngome ya Yesu, iliyoanza kujengwa mwaka 1593 kwa ramani ya Giovanni Battista Cairati, msanifu kutoka Milano, ilipewa bastioni, yaani kona zilizochomoza nje ya ukuta ili mizinga iweze kumpiga adui kutoka ubavuni. Msanifu huyo alifikiria kila kitu isipokuwa mgeni mwalikwa: mwezi Agosti 1631 Sultani Yusuf bin Hassan, ambaye Wareno wenyewe walikuwa wamemlea na kumsomesha Goa, wakambatiza na kumwita Dom Jerónimo, aliingia kwa mlango, akamuua kapteni, na ngome ikawa yake. Waomani waliizingira tangu Machi 1696 hadi Desemba 1698, yaani miezi 33, mpaka walinzi wakamalizwa na njaa na maradhi. Kati ya mwaka 1631 na 1875 ngome hiyo ilitekwa na kupotezwa mara tisa, na mwaka 1895 Waingereza waliigeuza gereza. Mhadhiri, baada ya kuitafakari kwa huruma, ameipa alama 2 kati ya 10, na hizo ni za mandhari.

Sasa na itazamwe Isiolo, mji ulio kaskazini mwa Kenya. Bandari, kwa fasili iliyopitishwa na mhadhiri kwa kura yake moja, ni mahali ambapo shehena hushuka chombo kimoja na kupanda kingine, huku mtu wa tatu akitia mkono katikati. Kwa fasili hiyo Isiolo ni bandari kamili: mifugo ya Wajir na Moyale huteremkia hapa, miraa ya Meru hupita ikielekea kaskazini, na mitungi ya plastiki ya njano iliyojaa maziwa ya ngamia, kila mmoja ukiwa na alama ya mwenyewe ili usipotee, hupakiwa na akina mama kwenye basi la kwenda Eastleigh, Nairobi. Kukosekana kwa bahari ni dosari ndogo ya kijiografia ambayo haipaswi kuwasumbua wasomi.

Kuhusu ngome yenyewe, mkoloni hapa hakuhitaji Mmilano. Alitumia Sheria ya Wilaya za Pembezoni ya mwaka 1902, iliyoiruhusu serikali kuifunga wilaya nzima asiingie mtu bila kibali. Akaongeza Sheria ya Wilaya Maalumu ya mwaka 1934, iliyowapa wakuu wa utawala uwezo wa kuwakamata watu wa kabila lolote waliloliona lina uhasama, pamoja na mali yao. Kisha akashusha kizuizi barabarani, akakiwekea askari. Mifugo ilishikwa karantini, yaani kizuizini kwa kisa cha maradhi, ili isiwasogelee ng'ombe wa masetla, na mwenye mifugo alidaiwa pasi. Hata Wasomali waliopigania taji la Uingereza katika Vita Kuu ya Kwanza, kisha wakapewa makazi papa hapa, walijikuta ndani ya ukuta usio na jiwe hata moja. Ukuta huo ulifungia zaidi ya theluthi ya nchi, na ulifanya kazi vizuri hivi kwamba msafiri aliyekuwa akienda Nairobi alisema anakwenda Kenya.

Ubora wake ulithibitishwa na uhuru. Ngome ya Yesu ilitekwa kwa jambia, njaa na mizinga, ilhali ya Isiolo haikutekwa kamwe, kwani ilirithiwa: hali ya hatari ilitangazwa kaskazini tarehe 28 Desemba 1963, wakati vumbi la sherehe za Desemba 12 halijatua, na sheria zake maalumu hazikuondolewa hadi mwaka 1991. Bendera ilibadilika, mlinzi akabaki na daftari lake. Kwa hiyo Isiolo inapata 10 kati ya 10, alama ambayo wakazi wake hawakuiomba.

Mhadhiri anapendekeza kwamba UNESCO, iliyoiorodhesha Ngome ya Yesu mwaka 2011, ije ikikague kizuizi hiki, mradi wajumbe wake wafike kabla ya jua kutua na wakiwa na karatasi zao. Maswali yanakaribishwa kutoka kwa kila mwenye kitambulisho. Asiyenacho aje na cha baba yake, na cha babu yake, na wazee wa kumthibitisha, kisha arudi wiki ijayo.