Barua kutoka Mwangwini

Kwa Mjomba wangu mpenzi, Pangani.

Shikamoo. Ama baada ya salamu nyingi kwako, kwa Mkaza mjomba na kwa jamaa wote wa barazani, nakuarifu kwamba mimi ni mzima wa afya illa masikio, nayo hayaumwi bali yamechoka. Uliniuliza katika waraka wako kama ni kweli wasemayo mabaharia, ya kuwa katika nchi hii ya Mwangwini nuru ikianguka juu ya kitu hugeuka sauti. Ni kweli kabisa. Nakuandikia kwa mwanga wa kibatari kimoja, na kila mstari wa wino mweusi ninaoumaliza hunguruma kidogo mpaka karatasi ikunjwe, hata jirani yangu, aliyelala upande wa pili wa ukuta, anajua bila kuambiwa kwamba sijafika ukurasa wa pili.

Wala usiseme kwamba mpwao amepatwa na wazimu wa ugeni. Katika dunia yenu yenyewe, mwaka 1880, Alexander Graham Bell, yule mwenye simu, akiwa na msaidizi wake Charles Sumner Tainter, alibainisha kwamba mwali wa jua ukikatwakatwa na gurudumu lenye matundu linalozunguka kwa kasi, kisha ukaangushwa juu ya kitu chembamba, kitu hicho hutoa mlio. Kwa sababu kila mwali ufikapo hukipasha moto, na kila ukatwapo hupoa, na huko kutanuka na kunywea mara mamia kwa nukta moja ndiko kunakoitikisa hewa. Wakajaribu vitu vya namna nyingi, na katika vilivyoshinda kwa sauti masizi yalikuwa mbele, maadamu cheusi huimeza nuru na cheupe huirudisha ilikotoka. Kwenu mlio huo ni mnong'ono unaohitaji mrija sikioni; huku, ambako jua halitulii bali hupwesa upesi kuliko jicho liwezavyo kutambua, ni ghasia ya mchana kutwa.

Basi fahamu kwamba desturi zote za huku zimejengwa juu ya kanuni hiyo. Mwenye hadhi huvaa joho jeusi, na kadiri cheo chake kilivyo kikubwa ndivyo joho lake linavyokuwa pana, hata liwali akitoka nje adhuhuri mji mzima husikia, wenye shida naye wakapata wasaa wa kujipanga na wenye deni lake wakapata wasaa wa kukimbia. Buibui, ambalo kwenu ni sitara, huku hufanya kazi ya mpiga mbiu. Sufuria niliyoichukua kutoka huko, ambayo chini imegandamana masizi ya miaka, mwenye nyumba amenikataza kuianika uani, kwa hoja kwamba wapangaji wengine nao wana haki ya kulala.

Mwizi huvaa nyeupe. Sasa tafakari, Mjomba, hali ya mtu aliyeshuka forodhani saa sita za mchana ndani ya kanzu iliyofuliwa na kupigwa pasi na Mkaza mjomba kwa mikono yake, nyeupe pepe. Askari walinizunguka, na mkubwa wao akaniuliza kwa upole wa kutisha, "Bwana, unakwenda kimya kwa sababu gani?" Nikajibu kwamba sina la kusema. "Wewe hatukukuuliza," akanena, "tumeiuliza kanzu." Shauri likaishia kwa kushonewa kiraka cheusi kifuani, ukubwa wa kiganja, kiwe kinavuma mbele ya watu kuwa ithibati ya uaminifu wangu, na sasa nikiingia dukani muuzaji hukisikiliza kwanza, ndipo akaitikia salamu yangu.

Lakini katika yote hayo sijaona ajabu ishindayo ile ya kuandama kwa mwezi. Nuru ya jua huizidi nuru ya mwezi mpevu kiasi cha mara 400,000, seuze mwezi mchanga ulio uzi tu. Kwa hiyo jioni ya tarehe 29 ya Shaabani kadhi na wazee hupanda darini, hutandaza mablanketi meusi yaliyopakwa masizi, hulala kila mmoja na sikio lake juu ya blanketi lake, na mji mzima huamriwa kuzima taa na kushika pumzi. Mwaka huu mzee mmoja aliinua kichwa, sikio limekuwa jeusi tititi, akaapa kwamba ameusikia. Wa pili akasema alichokisikia ni mbu. Wa tatu, ambaye ana pumu, akashukiwa yeye mwenyewe. Mara zikaja khabari kwamba kisiwa cha ng'ambo wameusikia wazi, na papo hapo mji ukagawanyika: wengine wakafunga kwa masikio ya kisiwani, wengine wakashikilia kwamba kila mji una sikio lake, na Idi ikasaliwa siku mbili. Nami niliyedhani kwamba watu wa maumbile mengine watakuwa na ubishi mwingine, nilijikuta sikosi kitu cha kwetu ila urojo.

Siku moja niliwaeleza, kwa kuwafurahisha, kwamba kwetu umeme huonekana kwanza na radi husikika baadaye, na kwamba mtoto akihesabu nukta tatu baina ya viwili hivyo hujua umepiga kadiri ya kilomita moja kutoka alipo. Walicheka hata mmoja akapaliwa na kahawa. Kitu kimoja kiachane na sauti yake njiani, hiyo sauti itembee peke yake ichelewe kufika! Tangu hapo naitwa Bwana Ngoja Radi, na nikisimulia lolote la Pangani, hata bei ya nazi, huulizwa kama nalo litafika baadaye.

Mwisho, zile fedha. Sarafu za huku ni za shaba, na shaba ikizeeka husawijika, basi mtu akizihesabu penye mwanga wadai wake husikia hata idadi. Kwa hiyo zenu nimezihesabu gizani kwa vidole, nikazifunga katika kitambaa cheupe, nikampa nahodha. Mkizikuta zimepungua, hiyo ni kazi ya giza. Mkizikuta zimezidi, hiyo pia ni kazi ya giza, nami naomba ziada irudi kwa jahazi lile lile.

Wasalaam,
Mpwa wako