Baraza la Chewa na Ushahidi wa Kaa

Katika bahari ya mbali, pale mkondo unapopita juu ya jabali bapa lisilo na ufa, palikuwa na himaya ya dagaa iliyotawaliwa na Chewa. Dagaa waliogusa jabali hawakusogea hata kidogo, kwa kuwa ndiyo amri ya jabali kwamba anayeligusa hukaa nalo. Waliokuwa juu yao walijikokota, waliofuata wakaenda zaidi kidogo, safu juu ya safu, mpaka kuwafikia wakuu wa juu kabisa, waliokwenda kwa kasi ya mkondo wenyewe na ambao, kwa sababu hiyo, waliamini kwamba himaya nzima inakimbia. Kutoka kwa asiyesogea hadi kwa akimbiaye palikuwa na wembamba wa ukucha tu, na ndani ya wembamba huo tofauti zote za nchi zilibanwa. Mjerumani Ludwig Prandtl aliueleza wembamba wa namna hii mwaka 1904, mbele ya wanahisabati waliokutana Heidelberg, na tangu hapo kila ajuaye maji na upepo ameuheshimu. Chewa hakuuheshimu.

Mshauri wake mkuu alikuwa Kasa, mzee mwenye elimu na haya, aliyezihifadhi hesabu za mawimbi tangu ujana wake. Kasa alimfundisha mfalme kwamba katika fujo zote ziwezazo kuzuka, ya kwanza kuwa hatari ni ile ijayo kifua mbele, imenyooka kutoka ukingo hadi ukingo. Zijazo mshazari hungoja mkondo upate nguvu zaidi ndipo nazo zianze kukua. Neno hilo lilikuwa kweli tupu. Mwingereza Herbert Squire alilithibitisha kwa hesabu mwaka 1933, wala halijatanguka hadi leo. Lakini kujua nani atatangulia si kujua nani atakua zaidi, na Chewa aliyafanya mambo hayo mawili kuwa moja. Akawapanga walinzi wote waelekee upande mmoja, akaamuru mlinzi asigeuze shingo kutazama kando.

Likawekwa pia daftari la fujo. Kila mnong'ono ulioletwa barazani ulitengwa na mingine, ukapimwa kwa swali moja: huu, ukiachwa peke yake hata mwisho wa dahari, utakua au utafifia? Ukionekana ni wa kufifia, uliandikiwa hati ya amani na kurudishwa ulikotoka. Makarani waliifanya kazi hiyo kwa uaminifu, na katika hati zote zilizotoka hapakuwa na hata moja ya uongo. Msikilizaji wangu, usipapite haraka hapa, maana himaya ile haikuangamizwa na uongo.

Basi palikuwa na Kaa. Maumbile yalimnyima njia ya kwenda mbele, naye kwa kwenda kwake upande aliijua nchi kwa mapana yake. Siku moja alilivuka jabali zima, akakuta jambo asiloweza kuliona atazamaye mbele: vizunguko vidogo, dhaifu, vimelala kwa urefu wa mkondo, kila kimoja upande mmoja kikiwainua wanyonge kutoka jabalini, na upande wa pili kikiwashusha wakuu hadi chini. Vizunguko vyenyewe vilikuwa vikifa. Lakini wanyonge walipanda na upole wao, wakuu wakashuka na kasi yao, na nchi ikachanika kwa urefu kuwa michirizi, wa polepole ubavuni mwa wa kasi, na pengo baina yao likaongezeka siku hata siku, ilhali kila mmoja anayo hati yake ya amani.

Kaa akaenda barazani. "Mtukufu," akasema, "hawa mliowapima mmoja mmoja wanafichana. Wawili wanaovuta pande mbili huonekana kama hapana kitu. Mmoja akitangulia kufifia, mwenzake hubaki peupe na nguvu zake zote. Watakufa wote, kama mzee Kasa asemavyo. Naomba muulize watakuwa wakubwa kiasi gani kabla ya kufa."

Kasa akajibu kwamba swali hilo halimo daftarini. Chewa akamwuliza Kaa kwa nini hatembei kama wenzake, baraza likacheka, na shauri likafungwa.

Michirizi ikaanza kuyumba. Hapa pakazuka doa la ghasia, pale jingine. Kila doa likasafiri na mkondo huku likipanuka, yakakutana, yakaungana, mpaka dagaa asijue safu yake. Hata mawimbi yaliyonyooka, ambayo walinzi waliyangoja miaka yote, yalipofika yalijikunja yakagawanyika kuwa vilele na mabonde, kama Philip Klebanoff na wenzake walivyoonyesha huko Marekani mwaka 1962, na walinzi hawakuyatambua. Na kwa kuwa wenye kasi sasa walifikishwa chini kila mara, msuguano juu ya jabali uliongezeka mara kadhaa, na mzigo wake ukawarudia hao hao wakuu, wakapungukiwa na mwendo.

Kasa aliitwa ajieleze. Akazifungua hati moja baada ya moja, na zote zikaonekana sahihi.

Katika elimu ya mikondo, swali la Kaa lilikuja kukubalika kwa upana katika miaka ya 1990, baada ya hesabu za mmoja mmoja kutawala kwa zaidi ya nusu karne. Wewe unayekaa karibu na baraza lolote, na unayeona hati za amani zikitolewa kila asubuhi, liulize swali hilo leo, kungali na safu.