Graleo Binti Gration: Uchunguzi wa Majina ya Kuungaunga Ngara na Biharamulo

Jina la kuungaunga, kwa maana inayokusudiwa hapa, ni jina ambalo wazazi hulitengeneza kwa kukata vipande vya majina yao wenyewe na kuvishikiza pamoja, ili mtoto abebe kitu ambacho hakuna mwingine anayekibeba katika kata nzima na, bahati ikiwa nzuri, katika mkoa mzima wa Kagera. Majina ya namna hii yapo Tanzania nzima, lakini katika wilaya za Ngara na Biharamulo yanastahili kuchunguzwa kwa utulivu zaidi, kwa kuwa huko jina jipya hulazimika kupita katika masikio ya Wahangaza, Washubi, Wazinza, Wahaya, Waha na Wasukuma kabla halijatulia katika daftari lolote, na ni machache yanayotokea upande wa pili yakiwa mazima.

Ili mtoto wa mtu yeyote asidhaniwe kusemwa, na aundwe hapa mtoto wa mfano. Baba yake ni Gration, jina ambalo Mkatoliki wa Kagera halimshangazi, na mama yake ni Leokadia. Wana watoto sita, ambao wote walipewa majina ya watakatifu, na alipozaliwa wa saba, msichana, wazazi wakaona kwamba orodha ya watakatifu wanaotamkika imekaribia kwisha, au pengine wao wenyewe wameichoka, wakachukua silabi ya kwanza ya baba na herufi tatu za kwanza za mama, wakapata Graleo. Bibi yake, aliyekuja kutoka Ngara kumwona mzazi, akauliza swali ambalo kwa desturi ya kwao ndilo la kwanza kuulizwa: jina hili linasema nini?

Swali hilo si la ukorofi. Katika Kihangaza na Kishubi, kama ilivyo katika lugha ndugu za Kirundi na Kinyarwanda, jina la mtu mara nyingi ni sentensi nzima yenye kitenzi, na wakati mwingine yenye mlengwa, yaani jirani au shemeji ambaye anatakiwa aisikie kila mtoto anapoitwa aje kula. Bigirimana hukiri kwamba mambo yote yako mikononi mwa Mungu. Ntibazonkiza, jina ambalo wapenda soka wa Tanzania walilizoea kupitia Mrundi Saido Ntibazonkiza aliyezichezea Yanga, Geita Gold na Simba, hutangaza kwamba “hawataniokoa”, na anayelisikia hubaki akijiuliza ni akina nani hao na walimfanyia nini mzee wa watu. Mengine hutunza hesabu tu: Nyandwi ni wa saba, Minani ni wa nane, Bukuru na Butoyi ni pacha mkubwa na pacha mdogo. Wasukuma waliohamia Biharamulo nao wana Kulwa na Doto kwa mapacha na Shija kwa anayewafuata, ilhali Wahaya wana Kato kwa pacha wa pili na Kaiza kwa anayekuja baada yao. Kwa mizani hiyo Graleo halisemi lolote kwa yeyote, na wazazi wake wamejitwisha kazi ya kulieleza mpaka mwisho wa uhai wao.

Hata hivyo anayelicheka ajihadhari, kwa kuwa baadhi ya majina yanayohesabiwa leo kuwa halisi yalitoka katika karakana hiyohiyo. Vanessa, ambalo hakuna karani anayelikunjia uso, lilibuniwa na mwandishi Jonathan Swift wa Ireland, aliyekuwa kasisi, kwa kuchukua “Van” kutoka ukoo wa rafiki yake Esther Vanhomrigh na kuongeza “essa” kutoka Esther. Shairi lililolitangaza lilichapishwa mwaka 1726. Pamela lilitungwa na Mwingereza Philip Sidney katika karne ya 16. Wala haifai raia wa nchi hii kudharau ufundi huo, kwa sababu baada ya Muungano wa tarehe 26 Aprili 1964 nchi iliitwa kwa miezi kadhaa Jamhuri ya Muungano wa Tanganyika na Zanzibar, hadi Oktoba mwaka huohuo silabi za kwanza za pande mbili zilipoungwa ikawa Tanzania. Na Mohammed Iqbal Dar, anayefahamika kuwa mshindi wa shindano la kutafuta jina hilo, alieleza kwamba herufi mbili za mwisho alizitoa katika Iqbal na katika Ahmadiyya, dhehebu lake. Ngara nayo ina Benaco, makazi yaliyojulikana duniani mwaka 1994 wakimbizi wa Rwanda walipovuka daraja la Rusumo, ambayo yalirithi jina la kampuni ya Kiitalia ya ujenzi wa barabara, nalo ni jina la kale la ziwa Garda huko Italia. Palipoweza kukaa ziwa la Italia, msichana mmoja hawezi kukosa nafasi.

Kuna sababu nyingine, nzito kuliko urembo, inayoyapa majina haya nguvu, ingawa wazazi wenyewe huitaja kwa nadra. Utaratibu wa majina matatu unaotumika nchini humpa mtoto jina lake, kisha la baba, kisha la babu mzaa baba, kwa hiyo mama, aliyeibeba mimba miezi tisa, hana mahali pa kuweka hata nukta. Ndani ya Graleo amepata herufi tatu. Ni kweli kwamba mtoto anapoandikwa kwa ukamilifu baba anatokea mara moja na nusu na mama nusu tu, lakini hiyo nusu haipatikani kwingine katika mstari ule, na ndiyo inayoeleza kwa nini Leokadia hataki kusikia habari ya kulibadilisha.

Masaibu huanzia kliniki. Kihangaza na Kishubi huelemea sauti r, Kisukuma hakina r bali hutumia l, na lugha hizi zote hazipendi konsonanti mbili zilizobanana mwanzoni mwa neno bila irabu ya kuzitenganisha. (Jina la Biharamulo lenyewe lina r moja na l moja, kana kwamba lilitungwa na kamati ya usuluhishi.) Hivyo shangazi wa Ngara humwita mtoto Gararewo, jirani Msukuma humwita Galaleo, na kadi ya kliniki hubeba tahajia ya aliyekuwa zamu siku hiyo. Kanisani hali ni afadhali kidogo. Sheria za Kanisa za mwaka 1917, katika kanuni ya 761, zilimtaka padri aongeze jina la mtakatifu pale wazazi walipong'ang'ania la kwao, na yote mawili yaandikwe kitabuni. Kanuni ya 855 ya mwaka 1983 inataka tu jina lisiwe geni kwa hisia za Kikristo. Gration anaweza hata kudai kwamba nusu ya pili ya jina ilipata mtetezi Mei 2025, Kardinali Robert Prevost alipochagua kuwa Papa Leo wa 14, ingawa mtetezi huyo hana la kusema kuhusu “Gra”.

Shuleni ndiko mambo huharibika kwa nia njema. Mwalimu wa darasa la kwanza, anayeisoma kadi iliyoandikwa Galaleo na kuamini kwamba mzazi alikosea, humsaidia kwa kuandika Galileo, na hapo msichana wa Biharamulo anakuwa na cheti cha kuzaliwa cha Graleo, kadi ya Galaleo na rejista ya mnajimu Mwitalia wa karne ya 17, tofauti ambazo siku ya kuomba kitambulisho cha taifa zitahitaji kiapo mbele ya wakili, na wakili hali kiapo. Wanafunzi wenzake, ambao hawajali nyaraka, hushika silabi mbili za mwisho na kumwuliza kila asubuhi kama amekuja Graleo au atakuja Grakesho; akichelewa huitwa Grajana.

Bibi hakushiriki katika mjadala huo, kwani tangu siku ya kwanza humwita mjukuu Nyandwi, naye huitika. Wazazi, kwa upande wao, wanatarajia mtoto mwingine na wamegundua kwamba vipande vilivyobaki mezani ni “tion” na “kadia”, ambavyo wamejaribu kuviunga kwa mpangilio huu na ule bila kupata kitu kinachoweza kuitwa kwa sauti mbele ya wageni. Bibi ameshauri waache kujichosha, kwa kuwa Minani lipo tayari na halihitaji kukatwa popote.