Sifa za Mwaloni Usiotoa Mbao

Wanaousifu mwaloni huwa na miti mikubwa akilini: mialoni ya Mamre, ambako Abrahamu aliwapokea wageni wake, au ile ya Uingereza iliyotoa mbao za kuundia manowari za kale. Quercus sadleriana, ambao watu wa kwao huuita mwaloni wa kulungu, haukualikwa katika sifa hizo, kwa kuwa ni kichaka cha mita 1 hadi 3 kinachomea chini ya misonobari katika milima ya Klamath, mpakani mwa majimbo ya Oregon na California nchini Marekani, wala hakuna seremala aliyewahi kuutamani. Msumeno pekee unaohusiana nao ni ule wa meno yaliyojipanga ukingoni mwa majani yake. Katika Biblia, Absalomu, mwana wa mfalme Daudi, alinaswa kichwa katika matawi ya mwaloni mkubwa, akauawa angali ananing'inia. Chini ya mwaloni wa kulungu, au tuseme juu yake, huenda mwana wa mfalme angechubuka magoti tu.

Wakulima wa misitu hulalamika kwamba vichaka vya aina hii huinyima miche ya misonobari mwanga na maji, nao husema kweli, lakini husahau kutaja adabu ya mti unaojua kurudi baada ya kufukuzwa. Ukikatwa au kuunguzwa, huchipua tena kutoka kwenye kichwa cha mizizi, yaani pale shina linapokutana na mizizi ardhini, ilhali misonobari mingi iliyoungua hadi kileleni hufa, na kizazi chake hulazimika kuanza upya kwa mbegu.

Hata hivyo, fahari kubwa ya mwaloni wa kulungu ni nasaba. Uchunguzi wa vinasaba, yaani chembe zinazobeba urithi wa viumbe, umeonyesha kwamba jamaa yake wa karibu kabisa si mwaloni wowote wa Marekani, bali ni Quercus pontica, ulioko ng'ambo ya bahari, katika milima ya Uturuki na Georgia karibu na Bahari Nyeusi. Miwili hiyo peke yake ndiyo ukoo mzima uliobaki. Miongoni mwa binadamu, nasaba ya namna hiyo ingempatia mtu kiti cha mbele katika kila karamu. Mwaloni huu umepangiwa mteremko wenye kivuli na theluji, na haujawahi kuomba uhamisho.