Deki na Simu Wabishana Juu ya Ngumi ya Mkorea

Kwenye meza ya fundi, Tandika, Temeke, deki ya kanda iliyokosa mnunuzi imewekwa ubavuni mwa simu inayosubiri kubadilishiwa kioo. Kioo kimepasuka, lakini simu bado inawaka, na kutwa nzima inarudia kipande kilekile: stelingi wa tamthilia ya Kikorea anaruka na upanga wake na kupiga ngumi kwa slomo laini, kibwagizo cha singeli kikiwa kimepachikwa juu. Mabishano yao yanastahili kusikilizwa, maana mmoja wao ana hoja.

SIMU: Shikamoo, babu. Mbona unanikodolea macho? Hii ni kazi ya mikono ya bwana wangu.

DEKI: Marahaba, mjukuu wangu. Mikono ipi? Hebu tupige hesabu. Tamthilia nyingi hurekodiwa kwa picha 24 au karibu 30 kwa sekunde. Mwongozaji anayetaka mwendo wa polepole wa kweli huamua siku ileile ya kurekodi: kamera inachukua picha 120 kwa sekunde, kisha zinaoneshwa 24, sekunde moja inazaa tano, na kila picha ilikuwepo. Bwana wako hana picha 120. Anazo 24 alizopakua kwa bando. Akizipunguza kasi mara nne, kila sekunde inabaki na picha 6 za kweli, na zile 18 unazitunga wewe na programu yako. Robo tatu ya ngumi hiyo haikupigwa na Mkorea yeyote. Imepigwa hapahapa Temeke.

SIMU: Kumbe kutunga ni dhambi! Enzi zako si msimulizi Lufufu aliweka sauti yake juu ya filamu za nje, akifafanua, akitania, akimsemesha mwigizaji maneno ambayo hakuyasema? Watu walitoa kiingilio kwenye mabanda umiza kumfuata yeye. Hukuuita uongo. Na Wakorea wenyewe je? Anayeruka kafungwa waya, anayeanguka ni mtu mwingine aliyevaa nguo za stelingi, halafu waya unafutwa kwenye kompyuta. Kila mtu anatunga, babu, ila mimi tu ndiye ninayeulizwa risiti.

DEKI: Sijasema kutunga ni kosa. Nyongeza ya Lufufu ilisikika kuwa ni yake. Mtazamaji alijua wapi anasema msimulizi na wapi anasema mwigizaji. Tena alichagua mahali pa kuingilia. Wewe huchagui. Simamisha hicho kipande chako tukiangalie. Upanga unapita mbele ya uso. Programu haijui nyuma ya chuma kuna nini, kwa hiyo inakisia, na shavu la stelingi linavutwa na upanga kama unga wa andazi. Songa mbele kidogo. Hapo kamera imehama kutoka kwa stelingi kwenda kwa jambazi, nawe umelainisha juu kwa juu, ukaunganisha picha ya mwisho ya huyu na ya kwanza ya yule. Tumepata mtu mmoja mwenye nyuso mbili, na ukimuuliza nani kapigwa, hata yeye hajui.

(Deki anasema kweli, ingawa anajisahaulisha kwamba yeye mwenyewe akisimamisha picha hujaza kioo kizima chenga na mistari.)

SIMU: Rahisi kwako kusema. Bwana wangu hana kamera ya picha 120 wala waya wala kompyuta. Ana mimi, na mimi nimepasuka. Maskini asipende kizuri?

DEKI: Apende! Ila ukosefu wa kamera hauzuii macho kuona. Waya unafutwa ili tuone kuruka. Wewe unafuta kipigo chenyewe. Mkono unaofika shavuni huchukua picha mbili tatu tu, na uzito wake umo humo, kwenye uharaka. Ukiulainisha mpaka sekunde nzima, hiyo si ngumi tena, ni mtu anampapasa mwenzake. Mambo ya kufanya hayagharimu senti. Akate kipande kila mahali kamera inapohama, kabla hajagusa kasi. Acheleweshe kuruka, pale mwili uko peke yake mbele ya anga na programu haina mengi ya kukisia. Ngumi ikifika, aiachie kasi yake. Vumbi likitimka, acheleweshe tena.

SIMU: Watazamaji wanataka laini mwanzo mwisho.

DEKI: Wanapokea laini mwanzo mwisho kwa kuwa ndicho wanachopewa. Mpe mtu tamthilia ya Kikorea ya Jumong, sehemu zote 81, kila mshale kwa slomo, uone kama atafika sehemu ya pili.

Simu haikujibu. Basi wewe kijana wa Mbagala, Tandale au Kinondoni unayekesha na kazi hizi, usiku wa leo kabla hujabonyeza kulainisha, pitia kipande chako picha kwa picha. Ukikuta shavu limefuata upanga, rudisha kasi yake hapo.