Sifa za Sanduku la Kuazima

Mnazi umesifiwa. Jahazi limesifiwa. Kanga imesifiwa mpaka imechuja. Lakini sanduku la posta, lile la bati lenye mlango usiozidi kiganja na nambari iliyofutika nusu, sijaona aliyelitungia hata sentensi mbili za heshima. Nami sizungumzii sanduku la mtu na lake. Hilo halina sifa yoyote: mwenyewe ana ufunguo, anakwenda, anafungua, anachukua chake. Ninalotaka kulisifu ni sanduku la kuazima, lililokodiwa na mtu mmoja, likatumiwa na ukoo mzima, mwenyewe yuko safarini, na ufunguo uko kwa mtu wa tatu ambaye haijulikani aliupataje.

Tuanze na nasaba, maana asifiwaye huulizwa kwao. Sanduku hili lilizaliwa zama za ukoloni, wakati nyumba nyingi hazikuwa na nambari na tarishi hakuwa na njia ya kumfikia kila mtu mlangoni. Ikawa nafuu watu wazifuate barua kuliko barua kuwafuata watu. Uhuru ukaja, bendera ikabadilika, sanduku likabaki ukutani. Likapita mikononi mwa Posta na Simu ya Afrika Mashariki, enzi ambazo stempu moja ilibeba majina ya Kenya, Uganda na Tanzania. Jumuiya ikavunjika mwaka 1977, kila nchi ikabaki na masanduku yake, na barua zikaendelea kulala ndani vilevile. Mwaka 1994 hapa Tanzania posta ikatengana na simu. Simu ikashika njia yake mbio. Sanduku halikutingishika.

Ukarimu wake sasa. Sanduku moja la shule ya bweni lilitosha wanafunzi wote, walimu, mpishi, mlinzi, na watoto wa dada yake mpishi waliokuwa wakikaa mjini. Barua zilisomwa majina mstarini asubuhi na mwalimu wa zamu. Ile iliyochorwa moyo uliopitishwa mshale ilishikwa juu kwanza, ionwe na wote hadi mstari wa nyuma, ndipo mwenyewe aitwe mbele kuipokea, nayo tayari imeshafunguliwa ofisini kwa ajili ya usalama wake. Ni chombo gani kingine cha mawasiliano kinachomhakikishia mtu kwamba barua yake imesomwa hata kabla hajaipata?

Lakini uzuri wake hasa huonekana mtu akiwa mbali na nyumbani. Mjomba wangu alihamishwa kikazi kutoka Tanga kwenda Sumbawanga, akaliacha sanduku Tanga kwa sababu anwani ile ilikuwa imeshaandikwa kila mahali: benki, bima, kwenye mafaili ya mwajiri, hadi kwenye kadi ya kliniki ya mtoto wake wa kwanza. Kila Jumamosi alipiga simu nyumbani.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba. Hujambo? Posta umepita?"

"Sijambo. Nilipita, mjomba, ila ufunguo alikuwa nao shangazi, na shangazi alikuwa Korogwe msibani."

"Sasa si amerudi?"

"Amerudi, mjomba. Ufunguo ndio umebaki Korogwe."

Tazameni alivyoneemeka mtu yule. Barua ya mkopo ilipokuwa ikimtaka alipe kabla ya tarehe fulani, yeye alikuwa Sumbawanga akila samaki wa Ziwa Rukwa kwa raha zake. Kadi ya mchango wa harusi ilimfikia kamati imeshavunjwa na bibi harusi ana ujauzito wa miezi saba. Akatoa pole badala ya pesa. Binamu yetu naye, aliyekuwa akipitishia barua zake sanduku hilohilo, aliitwa kwenye usaili Dodoma. Barua ilipotoka sandukuni, aliyepata kazi alikuwa ameshakizoea kiti chake. Wenye roho nyepesi walisema kijana amenyimwa riziki. Wakasahau kuhesabu nauli aliyookolewa, kwenda na kurudi, pamoja na kukodi suti.

Na ufunguo ukipatikana? Hapo ndipo penye raha isiyosimuliwa. Unasimama mbele ya ukuta wa milango midogo, unatafuta nambari kwa kidole, unaingiza ufunguo, unagoma, unautoa, unaupuliza, unaurudisha. Mlango ukifunguka unaona ndani hakuna mgongo: upande wa pili ni wazi, na kupitia tundu lako unauona mkono wa mfanyakazi ukipanga barua, na kikombe chake cha chai. Mkisikilizana vizuri anaweza kukujibu hapohapo kwamba leo hamna kitu. Mara nyingine hukuti barua bali kikaratasi kinachokuita dirishani, kwa kuwa kilichokuja hakikuenea. Dirishani unaambiwa ulete kitambulisho chenye jina lililo kwenye mzigo, na aliye na jina hilo yuko Sumbawanga. Mzigo unarudi kupumzika, gharama ya kuhifadhiwa ikiongezeka.

Wapo wanaolibeza kwa kutolea mfano nchi za watu. Kule Marekani, mwenye nyumba akisafiri huiomba posta imzuilie barua, nayo hukubali kuzishika siku 3 hadi 30, basi. Siku 30! Hapo mtu hata arobaini ya marehemu hajaimaliza. Sanduku letu halidai fomu wala halina kikomo cha namna hiyo. Hushika barua hadi ufunguo utoke Korogwe.

Wengine huja na mambo mapya. Mwaka 2022, kabla ya sensa ya Agosti, vibao vilisimamishwa nchini: barabara zikapata majina, milango ikapata nambari, na postikodi ya tarakimu tano ikaanza kutajwa na watu waliokuwa hawajawahi kuisikia. Tukaambiwa sasa barua itamfuata mtu kwake. Waliosema hivyo hawakufikiri mpaka mwisho. Kibao kinachomwongoza tarishi kitamwongoza na mdai. S.L.P. haina mlango wa kugonga. Mwenye kukudai akiisoma anajua umo katika mji fulani, pamoja na watu wengine laki kadhaa. Shirika la Posta nalo likaleta Posta Kiganjani, ambapo nambari yako ya simu ndiyo sanduku lako. Wakenya wana MPost kwa mtindo huohuo. Mzigo ukifika, unatumiwa ujumbe. Huo mimi nauita uchokozi: mtu ametulia zake safarini, mnamwambia ana barua! Hao wanaotuma kwa basi, bahasha imeandikwa nambari ya simu kwa kalamu nene na kukabidhiwa kondakta, sitawajadili. Vitu vyao hufika kesho yake, kwa hiyo hawajui lolote kuhusu kungoja.

Nakiri lina adui mmoja wa kweli, naye ni ada ya mwaka. Sanduku la watu kumi na wanne halilipiwi na mtu yeyote. Kila mmoja anaamini aliye karibu na posta ameshalipa, na aliye karibu na posta anasema yeye hata barua hapati. Mwaka unageuka, sanduku linafungwa, kisha linapangishwa kwa mwingine. Zile barua za nyuma hugongwa muhuri na kurudishwa zilikotoka, ama zinaangukia mikononi mwa mpangaji mpya, ambaye sasa anafahamu deni la mjomba kuliko mjomba mwenyewe.

Basi wewe unayesoma hapa, nawe una ufunguo wa sanduku la watu umelala kwenye droo pamoja na betri zilizokufa: nenda posta Jumatatu, ulipe ada, ufungue, uwagawie wenzako barua zao. Yenye jina langu, ikiwa ya kaki na imetoka benki, iache humohumo.