Wahurumiwe Wenye Nyumba, Fomu Imewashinda

Kwa Mwenyekiti,
Baraza la Kodi za Majengo ya Biashara,
Nairobi.

Mheshimiwa, naandika kuwaombea wenye nyumba. Ni watu waliopambana na benki, mafundi na maafisa wa kaunti mpaka ghorofa zikasimama, lakini kuna karatasi moja ambayo imewatoa jasho: Fomu A. Sheria ya mwaka 1965, ile Sura ya 301 inayohusu maduka, hoteli na mikahawa, inamtaka anayetaka kumwondoa mpangaji anayelindwa nayo aandike notisi katika fomu hiyo, ataje sababu, ampe angalau miezi miwili, na amtake ajibu kwa maandishi katika muda wa mwezi mmoja kama anakubali au anakataa. Ni mambo manne tu. Zaidi ya nusu karne imepita, na bado notisi zinaletwa mbele ya Baraza zikiwa na pengo hapa, kiraka pale, wakati mwingine zikiwa na saini peke yake kama ushahidi kwamba aliyeziandika anajua kuandika.

Itazame notisi moja ya aina hiyo kwa karibu. Imeandikwa tarehe 12 na wakala, si kwenye fomu bali kwenye karatasi yenye nembo ya kupendeza, na inamwambia muuza vitambaa awe amehama mwisho wa mwezi, la sivyo mlango utatiwa kufuli. Sababu? “Mwenye jengo analihitaji.” Analihitaji kwa lipi, Mheshimiwa? Kifungu cha 7 kimezitaja sababu zinazokubalika: mpangaji ana malimbikizo ya kodi ya miezi miwili, au huchelewesha kodi kila mara, au amevunja masharti kwa kiwango kikubwa, au mwenye jengo anataka kubomoa na kujenga upya, au anataka kulitumia mwenyewe kwa angalau mwaka mmoja, na nyingine chache. Kuhitaji kwa jumla hakumo. Pengine mwandishi aliona haya kusema kwamba amepata mtu wa kulipa kodi kubwa zaidi, kwa sababu hiyo nayo haimo.

Mawakili wao watanijibu kwa Katiba. Kifungu cha 159 cha Katiba ya 2010 kinaagiza haki itolewe bila kujali mno ufundi wa taratibu. Kwa nini basi kesi ife kwa ajili ya fomu? Hoja ina uzito, na ningeipokea kama kosa lingekuwa herufi iliyoanguka katika jina la mtaa. Lakini miezi miwili si pambo la fomu. Ndiyo muda wa mwenye duka kutafuta chumba kingine, kuwaarifu wateja wake, kumaliza mzigo uliokopwa kwa jumla. Sababu nayo ndiyo kitu pekee anachoweza kukibishia; asipotajiwa, atajitetea dhidi ya nini? Ukiyaondoa hayo kwa jina la kuepuka ufundi, haki uliyotaka kuiokoa haipo tena. Wengine wataleta mkataba unaosema mwezi mmoja unatosha. Nao pia wamechelewa: kifungu cha 4 cha Sura ya 301 kinasema upangaji wa aina hii haukatishwi ila kwa njia ya sheria hii, mkataba useme utakavyo.

Lipo pingamizi zito zaidi, na sitalifanyia mzaha. Wako wapangaji wasiolipa, wanaokimbilia kasoro ya notisi ili wakae mwaka mzima bure huku mwenye jengo akilipa mkopo. Huyo anaumia kweli. Ila aliyemuumiza ni nani? Malimbikizo ni sababu halali tangu mwanzo. Angejaza fomu sawasawa, miezi miwili ingekuwa imekwisha, na kesi ingekuwa juu ya deni lenyewe. Kulilaumu Baraza kwa kuitupa notisi mbovu ni kumtaka hakimu amsaidie mdai kuandika madai yake. Isitoshe, notisi mpya ni karatasi moja tu. Ucheleweshaji mwingi huanza pale mtu anapoing’ang’ania ile mbovu miezi kadhaa badala ya kuandika nyingine wiki ile ile.

Kwa hiyo, Mheshimiwa, huruma ninayowaombea ni ndogo: notisi mbovu ziendelee kutupwa, na gharama za kesi zimfuate aliyeziandika, ili fomu isomwe kabla ya kufuli kununuliwa. Na wewe mwenye duka, ukiletewa notisi ya namna hiyo usiicheke ukaichana. Mjibu aliyeileta kwa maandishi ndani ya mwezi mmoja kwamba hukubali, kisha uwasilishe shauri lako Barazani kabla ya tarehe iliyotajwa, maana kasoro ambayo hakuna aliyeionyesha haimzuii dalali kufika mlangoni.